Kazi Tuliyoifanya Mara Mbili

Baba alikuwa akiondoka karakana saa kumi jioni, akishamaliza chai yake, na hapo ndipo kazi yangu ilipokuwa ikianza upya. Mtu wa bodaboda aliyemzoea alikuja kumchukua mlangoni, wakashika njia ya Dabani, nyumbani. Mimi na mdogo wangu wa kiume tulisimama pale tukiwapungia mkono, watoto wenye adabu zao, mpaka pikipiki ipotee nyuma ya malori. Kisha mdogo wangu anafunga bawa moja la mlango, mimi nachukua nyundo na koleo, tunaanza kubomoa kila kitu ambacho baba ametengeneza mchana huo.

Usicheke. Mama muuza chai wa ng'ambo ya barabara alitukuta siku moja, akadhani tumerogwa. Alikuja kuchukua vikombe vyake, akaona stuli nzima, imeshapigwa msasa, imelala chali na mimi naing'oa miguu. Akasimama akauliza, "Sasa hiyo imekosa nini?" Nikamwambia imekosa mguu mmoja kufika chini. Akaondoka na vikombe vyake akitikisa kichwa, na Mungu ambariki, hajawahi kumwambia baba.

Baba alikuwa amevuka miaka sabini. Jicho la kulia lilikuwa na mtoto wa jicho, la kushoto nalo likaanza kufuata. Mikono ilitetemeka, si sana, kama ya mtu aliyeshika kikombe cha moto. Lakini seremala hahitaji kutetemeka sana ili aharibu. Alichora mstari wa penseli vizuri, halafu msumeno ukapita pembeni ya mstari. Alichimba tundu la kiungo, ulimi wa mbao ukaingia ukiwa unacheza, akajaza gundi, akasema, "Hiyo imeshika mpaka Kiama." Mteja angekalia kiti hicho kesho yake, Kiama kingemfikia mapema.

Utasema, si mngemwambia tu? Tulishajaribu. Mwaka ule mama alipofariki, na baba akarudi kutoka hospitali na jicho lilelile alilokwenda nalo, tulimwomba apumzike nyumbani, sisi tutaendesha karakana. Tulisema kwa heshima zote, tena tukiwa na kuku mkononi. Akakubali bila kubisha, na hilo peke yake lilipaswa kututisha. Alikaa nyumbani akageuza kiti chake kikatazama ukuta. Chakula alikigusa akakirudisha. Ukimuuliza habari anajibu, "Niko tu." Haukupita muda shati likawa linamning'inia kama limetundikwa kwenye msumari.

Ni shangazi aliyetuokoa, dada yake, aliyebaki naye peke yake katika tumbo lao. Alikuwa ameolewa upande wa Kenya, mwendo mfupi kutoka mpakani. Alivuka akaja kumwona ndugu yake, akakaa naye bila kusema mengi, kisha akatuita nje mimi na mdogo wangu. "Huyu mnamzika huku mnamtazama," akatuambia. "Mrudishieni randa yake." Tukamrudisha karakana siku ya pili. Mchana alimaliza ugali wote akauliza kama umebaki.

Basi mambo yakawa wazi kwangu. Baba akifanya kazi anaishi, akiacha anakufa. Na kazi yenyewe haifai. Wewe ungefanya nini? Sisi tulifanya hivi: mchana anafanya yeye, jioni tunarudia sisi, asubuhi anakuta kitu chake palepale alipokiacha, na penseli yake juu vilevile.

Karakana yetu iko Busia, upande wa Uganda, kwenye kichochoro kinachotokea barabara ya mpakani. Ni banda la mabati lenye meza mbili za kurandia na sakafu ya udongo ambayo siku hizi ni vumbi la mbao zaidi kuliko udongo. Nyumbani tunasema Kisamia, lakini humo ndani lugha ni Kiswahili, kwa sababu baba alifundishwa ufundi upande wa pili, kwa Kiswahili, na mpaka leo hajui patasi wala tezo inaitwaje kwa lugha nyingine. Wateja nao wanakuja na Kiswahili chao. "Mama fundi, kitanda yangu nakuja chukua leo?" Njoo chukua, baba, iko tayari. Unajibu huku unajua kitanda hicho umekipiga misumari upya jana giza likiingia.

Nilichoka. Ninalisema wazi kwa sababu miaka ile sikulisema kwa mtu. Nilichoka mgongo, nilichoka vidole, nilichoka mpaka moyoni. Kufanya kazi mara moja ni kazi. Kuifanya mara mbili, mara ya pili ukiwa unajificha usisikike, ni adhabu. Natoka karakana na vumbi la mvule puani, nafika nyumbani sufuria inaningoja, watoto wananingoja, na mume wangu utingo wa malori ananipigia simu kutoka kwenye foleni ya Malaba kuniuliza mbona sauti yangu iko mbali. Siku nyingine nililala na kisu cha vitunguu mkononi, nimekaa, sufuria inaungua.

Tena wizi mwingine huo: baba alikuwa na alama yake, msalaba mdogo anaouchonga kwa patasi chini ya kila kitu anachomaliza. Tukibadilisha ubao, alama inapotea. Kwa hiyo nikajifunza kuchonga msalaba wa baba, na baada ya muda wa kwangu ukawa unafanana na wake kuliko wa kwake mwenyewe. Tulitengeneza viti vya kanisa moja la Tororo, lori zima la viti, vyote vina msalaba wa baba, na mkono wake haumo hata katika kimoja. Mchungaji alikuja mwenyewe kumshukuru. "Mzee, mkono wako haujazeeka." Baba akacheka, akasema, "Mkono hauzeeki, mchungaji. Mwenye mkono ndiye anazeeka." Mimi nilikuwa nyuma yao napiga msasa. Nikasaga meno, na huku nafurahi, kwa sababu siku hiyo alikula vizuri tena.

Kitu kimoja tu hatukuweza kukirudia, nacho ni jeneza. Baba alikuwa na sheria yake: jeneza likishapigwa halifunguliwi. Kitanda unakivunja, mlango unaung'oa, lakini msumari ulioingia kwenye jeneza ndio umeingia. Alisema ukiung'oa, utatafuta jeneza lingine nyumba ileile. Likikosewa, linachomwa lote nyuma ya banda na kazi inaanza upya kwa mbao mpya. Alipewa sheria hiyo na fundi wake, na sisi tukaikuta kama tulivyoikuta meza ya kurandia. Ndiyo maana tangu arudi kazini, majeneza tuliyapiga mimi na mdogo wangu asubuhi na mapema kabla pikipiki haijamleta. Tukamwambia wenye msiba walikuwa na haraka. Aliamini. Wenye msiba siku zote wana haraka.

Halafu shangazi akafa.

Simu iliingia tukiwa tunafagia. Baba alisikiliza, akavua kofia, akaiweka juu ya meza. Kisha akachukua fito ndefu, akaanza kugonga zile mbao zilizokuwa juu ya kenchi za paa. Zilikuwa mbao za mvule, za mti uliokatwa kwenye boma la babu, na hakuna mteja aliyewahi kuzipata hata kwa kubembeleza. Akaziteremsha. "Hili napiga mimi," akasema. "Mtu asiguse."

"Baba, tusaidiane," nikamwambia. "Ni kazi kubwa."

"Ni dada yangu mimi. Kwako wewe ni shangazi."

Mtoto wa shangazi, binamu yetu, alifika na kamba ya kipimo. Alivuka mpaka nayo imening'inia shingoni, maana kwetu kamba iliyopimia marehemu haikunjwi ikatiwa mfukoni. Akasema mama yao aliacha neno kwamba asilazwe kwenye friji ya hospitali, kwa hiyo mazishi ni kesho na gari litakuja kuchukua jeneza adhuhuri. Akamkumbatia baba, akaondoka.

Siku hiyo baba alimrudisha mtu wa bodaboda bila abiria. Akalala karakana, na mdogo wangu akalala naye. Hata kama tungethubutu kuvunja sheria, nafasi hatukuipata. Nilikwenda nyumbani nikiwa naomba. Niliomba kama mtoto: Mungu, mkono wa baba ushike leo tu, kesho nitarudia vingine vyote.

Asubuhi nililikuta limekwisha. Nakwambia lilikuwa zuri. Lile jeneza lilitosha kumfanya mtu asimame barabarani. Mvule ulikuwa umerandwa ukang'aa wenyewe, mfuniko umekaa sawa, na baba ameegemea meza, macho mekundu, anatabasamu kidogo. "Mnaona?" akasema. Mdogo wangu akaniangalia, nami nikamwangalia, na kwa mara ya kwanza tangu simu ile nikavuta pumzi. Baba akachukua ndoo, akaenda nyuma ya banda kuoga.

Kutandika kitambaa cheupe ndani ni kazi yangu siku zote. Nikakifungua, nikaingiza mkono kukinyoosha chini kwenye kona, na kitu kikanichoma. Nikautoa mkono. Nikainua kitambaa. Upande wote wa kushoto misumari aliyoipiga kutoka chini ilikuwa imeukosa ubao wa ubavuni na kuchomoza ndani, ncha juu, safu nzima, kama meno ya kambare. Pale pale ambapo ubavu wa shangazi ungelala. Mdogo wangu akageuza jeneza, akasukuma ubao wa chini kwa kiganja. Ukaachia.

"Tuikunje hiyo misumari," akanong'ona. "Tuweke pamba nyingi, tufunike. Nani ataona?"

"Shangazi."

"Dada, shangazi amekufa."

"Ndiyo. Na akibebwa, akatoka kwa chini mbele ya ukoo mzima?"

Kisha akasema basi tuing'oe upesi kabla baba hajamaliza kuoga, tutamwambia tulikuwa tunapiga stuli. Alikuwa tayari ameshika koleo. Nilimtazama mdogo wangu, ndevu zake zimeanza mvi, anaongea kama mtoto anayeficha sahani iliyovunjika. Nikakaa chini, juu ya vumbi la randa, kidole kinavuja damu. Watu wa kwetu wanasema mficha maradhi, kilio humuumbua, na kilio ndicho hiki kimeshafika. Sitaki mtu anisifu kwa kilichofuata. Haukuwa ushujaa. Sikuwa tu na nguvu ya kutunga uongo mwingine.

Baba akaingia amevaa koti lake la misibani, kola imelala vibaya. Nikasema nikiwa palepale chini, "Baba, misumari imetokea ndani."

Hakuuliza ipi. Alipiga magoti taratibu, akaingiza mkono ndani, akaanza kuipapasa mmoja mmoja kutoka kichwani mpaka miguuni, bila kuruka hata mmoja. Alipofika mwisho akaacha mkono humo. "Dada yangu angelalia hii," akasema. Sauti ilikuwa ndogo, sikuwahi kuisikia kwake.

Kisha akasema, "Leteni koleo."

Mdogo wangu akasita. "Baba, na ile sheria?"

"Sheria niliitia mimi humu ndani. Mvule mwingine hakuna, na gari linakuja. Dada yangu halalii misumari kwa sababu ya maneno yangu." Akanigeukia mimi. Baba huniita mama, kwa kuwa nimeitwa jina la mama yake. "Ng'oa wewe, mama. Mimi nitashika."

Tukaligeuza. Yeye akashika ubavu, mimi nikaanza. Nilirudisha ncha kwa ndani kidogo, vichwa vikainuka upande wa chini, nikashika cha kwanza kwa koleo, nikalaza mkono kulia, ukatoka bila kelele. Wa pili vilevile. Wa tatu. Sikuwa nafikiri. Msumari wa baba unaanza wima halafu unalala kushoto, tangu jicho liharibike, kwa hiyo ukiuvuta kwa kulalia kulia unakuja wenyewe na mbao haipasuki. Mikono yangu ilikuwa inalijua hilo kama inavyojua njia ya kwenda mdomoni. Nilikuwa karibu kumaliza safu nilipoona kwamba baba haangalii jeneza tena. Anaangalia mikono yangu, kichwa amekilaza upande, anasikiliza.

"Unajua msumari wangu unakolalia," akasema.

Nikashika msumari uliofuata.

"Mama. Umeng'oa mingapi ya kwangu?"

"Mingi, baba."

"Tangu lini?"

"Tangu uliporudi."

Akatazama stuli zilizopangwa mlangoni, zikingoja wenyewe. Akatazama fremu ya mlango aliyoimaliza wiki ile. "Na viti vya Tororo?"

"Na viti vya Tororo."

Mdogo wangu alitoka nje. Aliniacha peke yangu, na sijamsamehe sana kwa hilo. Nilikuwa nangoja baba akasirike, na nilitamani akasirike, anirushie hata nyundo. Nilichoogopa ni uso ule wa kutazama ukuta. Nilimwangalia kama mtu anavyoangalia chungu kilichopata ufa, ajue kitavujia wapi.

"Mnarudia kila siku?" akauliza.

"Ukishaondoka."

"Halafu unakwenda nyumbani kupika."

"Ndiyo, baba."

Akapitisha kiganja usoni, kikaacha vumbi la mvule kwenye ndevu zilizokuwa zimetoka kuoga. "Mimi nilisema huyu mtoto anakonda ni nini," akasema. "Nikamuuliza hata mume wako kama mnakula. Kumbe ni mimi." Kisha akasema tena, polepole, "Kumbe anayekufa ni wewe."

Nililia hapo. Sikumlilia shangazi tangu simu ilipoingia, nililia hapo, na pua yangu ikamwagika juu ya mvule wa babu. Baba hakunibembeleza. Alishika ubao wa chini, akausogeza mpaka ukakaa juu ya ubavu, akauzuia kwa viganja vyote viwili na uzito wake wote. "Piga," akaniambia. "Mimi naweza kushika. Kushika hakuhitaji macho." Nikapiga. Alikuwa anashika vizuri, haukucheza hata kidogo. Na ndivyo tunavyofanya mpaka leo, yeye anashika, mimi napiga, na saa kumi jioni tunafunga wote.

Binamu alifika na pikapu, tukapakia. Kwa desturi mzee anakaa mbele na dereva, na sisi watoto tunakaa nyuma na jeneza. Baba akafungua mlango wa mbele, akaniambia niingie. Nikamwambia, "Baba, haiwezekani. Watu watasema nini?" Akasema watu waseme, yeye anataka kukaa na dada yake, hata kama jeneza bado ni tupu. Mdogo wangu akamsaidia kupanda nyuma, akakaa juu ya tairi la akiba, mkono mmoja juu ya mfuniko. Mimi nikaingia mbele nikiwa na aibu, koti la baba magotini, maana alinipa nilishike lisichafuke.

Nakumbuka gari likitoka kichochoroni. Nakumbuka foleni ya malori. Mpaka wenyewe sikuuona. Kama askari waliuliza kitu, sikusikia, na kama barabara ya huko ina mashimo, sijui. Nililala usingizi ambao sikuwahi kuulala tangu mama afe.

Kilichoniamsha ni kimya. Nilifungua macho nikaona boma la shangazi, limejaa watu kutoka mlangoni mpaka kwenye migomba, turubai limefungwa, viti vimepangwa, na hakuna anayetoa sauti. Nilishtuka. Kwetu jeneza likifika wanawake hulipokea kwa vilio tangu barabarani, na mtoto wa ndugu wa marehemu ndiye anayepaswa kulia mbele yao wote. Nikamuuliza binamu tumefika sasa hivi? Akasema tumefika kitambo. Akaashiria nyuma kwa kidole gumba.

Nikageuka. Baba alikuwa bado amekaa palepale nyuma ya gari, shati lote vumbi, mkono mmoja juu ya jeneza la dada yake. Mwingine alikuwa ameuinua, kiganja kimewaelekea waliokuja kumpokea.

"Wamekuja na kilio chao, akawazuia," binamu akaniambia kwa sauti ya chini. "Amesema wangoje kidogo, mtoto wake amelala."

Wanawake walikuwa wamelizunguka gari, khanga wamezishika mdomoni, wananingoja niamke ndipo waanze kulia.